Gunia la Uzi Mwekundu

Yai moja liliuzwa shilingi laki mbili na nusu. Halikuwa la bata wala la kanga. Lilikuwa yai la kuku wa kisasa, sawasawa na yale ya dukani kwa mangi pale nje ya geti la kanisa, na upande mmoja lilikuwa bado na kinyesi. Aliyelinunua ni Bi Demetria, mjane wa miaka sitini na sita, mwenye mashine ya chakula cha kuku Mikocheni. Aliyelinadi ni Fransis, mwanamume wa miaka thelathini na minane ambaye kipaaza sauti kilikuwa kama kiungo kingine cha mwili wake.

Katika usharika ule, asiye na fedha ya sadaka alileta alichonacho: fungu la mchicha, jogoo, mkungu wa ndizi. Baada ya ibada vitu hivyo vilinadiwa uwanjani. Mnunuzi aliruhusiwa kumpa mtu mwingine alichonunua, na hapo ndipo wanawake walipopiga vigelegele. Fransis alikuwa na namna yake ya kunadi. Hakukitazama kitu alichoshika, alimtazama mtu. Jumapili ile alimtazama Bi Demetria akasema, "Mama wa Mikocheni, yai hili tangu asubuhi linakuulizia wewe," na Bi Demetria akacheka kwa kuficha meno kwa leso, kama msichana anayepigwa picha.

Vaileth, binti yake wa kwanza na meneja wa ile mashine, alisimama karibu na gari akisubiri aibu iishe. Haikuwa ya kuisha mapema. Asubuhi ileile mchungaji alikuwa ametangaza ndoa kwa mara ya kwanza: Fransis na Demetria. Bado mara mbili, Jumapili mbili, na mwenye kujua kizuizi akilete ofisini kwa maandishi. Kwenye mabenchi ya vijana mtu alikohoa, akakohoa mwingine, mpaka benchi zima likapata kifua.

*

Nyumbani kulikuwa na meza ya viti vinane. Tangu Mzee Adelard afariki, miaka minne sasa, Bi Demetria alikuwa akila amesimama jikoni, sahani juu ya friji. Vaileth alilijua hilo. Aliishi nyumba hiyohiyo, lakini saa za kula yeye alikuwa kwenye simu na wateja wa Kibaha na Chalinze. Edgar, mdogo wake, mwalimu wa sekondari Ubungo, alikuja Krismasi na Pasaka. Kisha akatokea mtu aliyepiga simu kila siku kumuuliza mama umekula nini, umekula na nani. Hakuna aliyewahi kumuuliza swali hilo la pili.

Jumapili ile walikaa mezani, mama na binti, na yai likiwa kwenye kibakuli cha sukari katikati yao.

"Nitaweka hati benki," alisema Bi Demetria. "Fransis anataka kujenga ukumbi kule Goba. Harusi, kipaimara, kitchen party. Kule hakuna ukumbi wa maana."

"Hati ipi, mama?"

"Kwani ninazo ngapi?"

Alikuwa nayo moja. Ndani ya hati ile kulikuwa na nyumba mbele, mashine nyuma, stoo mbili, na riziki ya watu ishirini na sita. Vaileth aliweka kijiko chini.

"Na ukumbi usipolipa?"

"Baba yako alipoweka hati hiihii tukanunua mashine, ulimuuliza?"

"Nilikuwa darasa la tano."

"Basi rudi darasa la tano, unyamaze." Mama alimega ugali, akaurudisha sahanini bila kuula. "Aliyekufa ni baba yenu, Vaileth. Nyie mkaona mnizike na mie."

Siku ya benki ilikuwa Jumanne ya wiki ya pili. Kwa siku tatu Vaileth na Edgar walitafuta dhambi ya Fransis. Waliuliza Temeke, ingawa hakuna aliyejua mtaa alikopanga, wakauliza kwaya, wakapiga simu mpaka Tukuyu alikozaliwa. Edgar alirudisha majibu kwa sauti ya mtu aliyenyimwa haki yake.

"Dada, hana mke. Hana mtoto wa nje. Hanywi. Mie nilikuwa naomba tupate hata mchumba mmoja tu aliyeachwa kwenye mataa."

"Na mama yake?"

"Yupo, anakaa naye. Fransis mwenyewe anasema ni mtu mzima sana, miguu mibovu, hatoki nje."

Hilo Vaileth alilijua. Bi Demetria alikuwa amemhurumia mkwe wake huyo kabla hajamwona. Alimnunulia sweta, unga wa lishe, na mkongojo wenye mpira chini usiteleze, akampa Fransis avipeleke.

Jumatano mama alipokwenda mazoezi ya kwaya, Vaileth alifungua kabati, akainua vitenge, akachukua bahasha ya kaki. Aliizungushia nailoni. Chumbani kwake mama angepekua, ofisini angepekua, lakini stoo hakuingia kamwe, vumbi la pumba lilimbana kifua. Vaileth alifungua gunia moja la chakula cha kutagia, akaisukuma bahasha mpaka katikati, akalishona upya kwa mkono. Magunia mengine yote yalishonwa kwa mashine na uzi mweupe. Hili alilishona kwa uzi mwekundu, mshono wa kurudi nyuma, kama mama yake alivyomfundisha kushona sare za shule.

Akamwita Mwishehe, mtunza stoo, mtu aliyeingia pale miaka kumi na tisa iliyopita akiwa na nywele nyeusi.

"Hilo gunia la uzi mwekundu lisitoke."

Mwishehe aliutazama uzi, akamtazama na Vaileth. "Halitoki," alisema, akaendelea kufagia.

*

Ijumaa Bi Demetria alitaka kutoa nakala ya hati. Ilipofika saa tano vitenge vyote vilikuwa kitandani, makochi yamepinduliwa, na mwenyewe amekaa sakafuni akipumua kwa shida. Fransis alikuja upesi. Alimpa maji, akampepea, kisha akauliza taratibu sana, bila kumtaja mtu, ni nani mwingine huwa anaingia humu ndani.

Mwishehe huwa anaingia, alijibu Bi Demetria. Kila asubuhi huja kuchukua funguo za stoo, ziko kwenye korido ya chumba changu.

Baada ya hapo hakuna aliyehitaji kusema zaidi. Wafanyakazi waliitwa uani. Mfuko wa Mwishehe ulimwagwa kwenye sakafu ya saruji: bakuli la wali na maharage, dawa za presha, na kanzu iliyokunjwa kwa ajili ya swala ya Ijumaa. Fransis ndiye aliyeikunjua kanzu. Aliikung'uta hewani mara mbili, kama vile kipande cha ardhi chenye majengo kingeweza kudondoka kutoka kwenye mkono wake.

"Dada Vaileth," alisema Mwishehe, "wewe unanijua."

Watu ishirini na tano wakamgeukia Vaileth. Akisema, Jumanne hati inakwenda benki. Asiposema, mzee huyu anatoka getini akiitwa mwizi.

"Mama, tumpe muda," alisema.

"Muda wa kuuza?"

Mwishehe alichuchumaa, akaikunja kanzu yake kwa kufuata mikunjo ileile ya mwanzo, akaweka dawa, akaweka bakuli. Wali ulikuwa umemwagika. Aliuzoa kwa kiganja ili asiwaachie wenzake kazi ya kufagia. Getini alipita karibu na Vaileth, akasema kwa sauti ya chini kama mtu anayekabidhi zamu:

"Lile gunia sasa uliangalie mwenyewe."

Alijua. Pengine tangu Jumatano alijua, na alimwagiwa chakula chake chini huku anajua.

*

Jumamosi Vaileth alikwenda Ubungo kumwambia Edgar. Alimkuta akisahihisha madaftari, akamweleza yote, na Edgar akaandika alama za vema mahali pasipo na jibu. Mwisho akamshauri akae kimya mpaka Jumanne ipite. Siku ya benki ikipita bila hati, alisema, huenda na mapenzi yakapoa. Mwishehe watamlipa baadaye. Vaileth aliuliza watamlipa nini hasa, na Edgar akarudi kwenye madaftari.

Aliporudi Mikocheni, saa kumi, alimkuta mama yake amechangamka. Kesho ilikuwa Sikukuu ya Mavuno. Bi Demetria alikuwa ameahidi magunia kumi ya chakula cha kuku kwa ajili ya mnada, na Fransis alikuwa ameshakuja na pikapu na vibarua wawili kuyabeba. Kila kitu kimekwenda vizuri, alisema. Hakukuwa na mtu wa kuwasumbua na mambo ya kusaini daftari.

Vaileth alitembea mpaka stoo. Hakutaka kukimbia mbele ya watu. Mahali palipokuwa na gunia la uzi mwekundu palikuwa na umbo la mraba, safi, lisilo na vumbi.

Alimpigia mzee wa kanisa. Magunia yako kwenye chumba cha vyombo, alijibiwa, na ufunguo anao Fransis.

*

Ndoa ilitangazwa kwa mara ya pili. Baada ya ibada uwanja ulijaa mahema, maboga, miwa, mbuzi wawili wanaolia, na magunia kumi yamepangwa mstari mmoja. Fransis alikuwa na shati jeupe na taulo shingoni. Bi Demetria alikaa mstari wa mbele, kiti chenye mto.

Magunia sita ya kwanza yalikwenda kwa bei ya dukani, elfu sabini, themanini. La saba lilipovutwa mbele, jua liliangukia mdomo wake, na Vaileth aliuona uzi.

"Laki moja," alisema, kabla Fransis hajafungua mnada.

Watu walicheka. Fransis aliinua nyusi. Mtu aliyezoea kusoma nyuso za wanunuzi hakuhitaji kuambiwa kwamba hapa kuna shida.

"Mwanangu Vaileth anasema laki moja," alitangaza, na lile neno mwanangu likazunguka uwanja mzima, likiwafurahisha watu, kwa kuwa Vaileth alikuwa na miaka thelathini na saba. "Ana kiwanda kizima nyumbani, lakini anataka hili. Mama wa Mikocheni, tumwachie?"

Bi Demetria aliinua mkono bila kugeuka. Laki moja na nusu.

Laki mbili. Laki mbili na nusu. Nyuma ya Vaileth mama mmoja alimwambia mwenzake kwamba kumbe pumba nayo ina vitamini, na mwenzake akamjibu kwamba hapana, hao hawagombei gunia, wanagombea anayenadi. Laki nne. Fransis alikuwa ameshaweka mguu mmoja juu ya gunia, anayumba kidogo kama mcheza singeli. Kila Vaileth alipotaja bei, Fransis alimtazama mama, si kwa kumlazimisha, bali kwa huzuni, kama mtu anayekaribia kuachwa. Na kila alipotazamwa hivyo, mkono wa mama ulipanda.

Katika simu yake Vaileth alikuwa na laki saba na arobaini. Ilikuwa akiba yake yote ya siku zile.

"Laki saba na arobaini."

Bi Demetria aligeuka sasa. Alimwona binti yake amesimama katikati ya watu, jasho limemtoka, na akaelewa kitu kimoja tu: kwamba amekuja kumwaibisha mbele ya Fransis.

"Milioni moja," alisema.

Vigelegele vilipasua hema. Fransis aliuliza, kama utaratibu ulivyotaka, gunia hili unamnunulia nani.

"Nampa anayenadi."

Baadaye, watu wakikunja mahema, Vaileth alimfuata Fransis. Alimwambia kuna kosa kwenye gunia lile, chakula chake kimeingia unyevu, atampa mawili mazima badala yake. Fransis alikuwa akilipakia kwenye bajaji.

"Zawadi ya mchumba hairudishwi, mwanangu," alisema. "Na mama yangu ana kuku wake pale, watafurahi."

"Unakaa Temeke sehemu gani?"

"Utapajua. Mtakaribishwa rasmi, tukishamaliza ndoa."

Bajaji iliondoka na nyumba, mashine, na stoo mbili.

*

Jumatatu asubuhi Bi Demetria alikuwa sebuleni, amevaa viatu vya kutokea. Saa tatu Fransis angempitia waende polisi. Walikuwa wamepanga watoe taarifa ya hati kupotea ili ipatikane nyingine, na wamtaje Mwishehe, kwa kuwa polisi lazima waandike jina la mtu. Alisema hivyo huku akitafuta miwani yake. Alisema kwa wepesi, kama jambo la kwenda kununua umeme.

Vaileth hakuwa amelala. Akilini alimwona Mwishehe na dawa zake za presha kwenye sakafu ya mahabusu.

"Mama, kabla hamjaenda. Nina neno."

"Lisiwe la Fransis."

"Ni langu."

Kengele ya geti ililia. Mlinzi aliingia akifuatana na mwanamke mfupi, mkakamavu, aliyevaa raba na kanga mbili, kikapu mkono mmoja. Kwa mkono mwingine alishika mkongojo, kwa kuubeba katikati, kama mtu anavyobeba mwavuli siku isiyo na mvua. Alimwona mwanamke mwenye mvi kwenye kochi kubwa. Alivua raba mlangoni, akapiga goti kidogo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu," alijibu Bi Demetria. "Karibu. Kama ni kazi, ofisi iko nyuma."

"Sijaja kwa kazi. Mie ni mama yake Fransis."

Mwanamke alidhani hawajasikia, akaanza kueleza. Asubuhi ya leo alikata gunia awape kuku, mkono ukagusa nailoni. Alisoma jina kwenye karatasi, akasoma na maandishi ya gunia, Mikocheni. Akasema hawa watu lazima wanahangaika. Akapanda magari mawili. Alifungua kikapu, akatoa bahasha ya kaki iliyofungwa kwenye leso, akaiweka mezani. Uzi mwekundu ulikuwa umenasa kwenye nailoni.

Bi Demetria aliuchukua uzi. Bado ulikuwa na mikunjo ya mshono wa kurudi nyuma. Aliutazama kwa muda mrefu kuliko alivyoitazama hati, na hakuinua macho kumtazama binti yake.

"Fransis anajua umekuja?"

"Hajui. Nimemwacha anaoga." Mwanamke alisita. "Ni mwanangu, nampenda. Ila ningemwonyesha angesema, lete, nitaipeleka mwenyewe. Nikaona bora miguu yangu."

Kisha akauegemeza mkongojo ukutani. "Na huu nimeurudisha. Aliniletea akasema kuna bibi mmoja wa kanisani kanipa. Ahsante yake, lakini nikasema, huyo bibi ananionaje? Mie mtoto wa mwaka wa Azimio, bado nalima."

Mwaka wa Azimio la Arusha Bi Demetria alikuwa darasa la pili. Aliandamana na wenzake, wamebeba matawi, viatu mkononi visichakae.

"Ameniambia anaoa," mwanamke aliendelea, na sasa uso wake ulifunguka. Alimgeukia Vaileth, akamtazama kuanzia kichwani mpaka miguuni kwa furaha ambayo hakujaribu kuificha. "Ameniambia mtu wa Mikocheni, mwenye mashine. Ni huyu? Mkwe wangu, hujambo?"

Vaileth alimgeukia mama yake.

"Si huyu," alisema Bi Demetria. "Huyu ni binti yangu."

"Una mwingine?"

"Wa kike ni huyo mmoja."

Mwanamke alibaki na tabasamu lake kwa muda, halafu akawa hajui pa kuliweka. Alitazama mvi. Alitazama mkongojo. Pale kwenye kabati la vyombo kulikuwa na picha ya Jumapili ya kwanza, Fransis ameshika yai, na mwanamke wa pembeni yake akicheka kwa kuficha meno. Aliinamisha kichwa, akavaa raba zake haraka, bila kufunga kamba.

"Basi, mama. Nimefikisha."

Alipewa chai akakataa, akapewa nauli akakataa. Aliomba kitu kimoja tu, arudishiwe leso yake.

*

Wakabaki wawili. Vaileth alisubiri kofi, au kelele. Alianza kusema mwenyewe, akasema ni yeye, Jumatano, na kwamba Mwishehe alijua na hakumtaja.

"Nimeona mshono," mama alimkata. "Utakwenda kwa Mwishehe sasa hivi. Utarudi naye. Utawaita wote uani, walewale, na utawaambia ulichofanya. Mie nitasimama pale na nitaomba radhi yangu. Ya kwako sitakuombea."

"Sawa, mama."

"Yule mwanamke kapanda magari mawili." Ilikuwa kama anazungumza na bahasha. Aliigeuza, akalainisha kona iliyojikunja. Vaileth aliona mikono ya mama yake isivyotaka kuiachia, na kwa mara ya kwanza katika wiki zote hizo akaona kwamba mama anaogopa. Hamwogopi Fransis, wala watu wa kanisani. Anaiogopa mikono yake mwenyewe.

Simu ilianza kulia mezani. Jina lilikuwa limewekwa ua pembeni.

Bi Demetria hakuigusa. Alimsogezea Vaileth bahasha, kwa haraka, kama kitu kinachounguza.

"Chukua. Kaiweke unapojua wewe. Usiniambie. Hata nikikulilia, Vaileth, hata nikikulaani, usiniambie."

Vaileth aliiweka ndani ya blauzi yake, akaenda mlangoni. Simu ilikuwa imefika mlio wa mwisho mama alipoipokea. Sauti yake ilibadilika hapohapo, ikawa ileile ya Jumapili, nyembamba na yenye kucheka, na binti alisimama kizingitini akiisikiliza, hati ikimchoma ngozi.

"Haloo, Fransis. Nimeamka salama, mpenzi. Chai nimekunywa." Alisikiliza, macho yakiwa kwenye mkongojo ukutani. "Hati? Hapana. Bado haijaonekana."